Raba za kutembelea za wanawake: anza na mguu, sponji baadaye

Hii naiandikia wale wanaotaka kutengenezesha au kuagiza viatu vya kutembelea vya kike, iwe ni vya kuuza duka lako pale Langoni huku Lamu au sokoni Malindi, au hata jozi mbili tatu za mamako na jirani. Nitaeleza vile mimi ninavofanya kazi. Na jambo ninalotaka lieleweke kabla ya yote ni hili, anza na mguu, sponji baadaye. Watu wengi wakiingia kwa biashara hii wanaanza kwa kubonyeza sponji, wakiona inadidimia vizuri wanasema hii ndio yenyewe, alafu mteja anarudi wiki ijayo vidole vimembana na huku nyuma kisigino kinachezacheza. Sponji iwe nzuri vipi haiokoi kiatu chenye umbo baya.

Kwanza jua unamtengenezea nani. Mji wa kale wa Lamu hauna gari, UNESCO waliuweka kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2001 na vichochoro vyake ni vile vile vyembamba, punda anabeba mzigo na binadamu anatembea. Mwanamke wa hapa anaenda sokoni kwa miguu, kliniki kwa miguu, harusini kwa miguu, na wako wengi ambao daktari amewaambia watembee kwa sababu ya sukari ama presha, ndio utawaona baada ya alfajiri wameshika njia ya Shela, karibu kilomita tatu kwenda tu bado kurudi. Na anatembea na buibui. Anapanda ngazi za nyumba za mawe ambazo ni nyembamba na zimesimama. Anapita kwenye simiti iliyolainika, mchanga, kinyesi cha punda, na bamvua likija maji ya chumvi yanapiga hadi njiani. Alafu kila mlango anaopiga hodi anavua viatu. Haya yote yanaingia kwenye mchoro wako, manake raba nyingi tunazoziona zimechorwa kwa ajili ya mtu anayekimbia kwenye lami na hazivuliwi mpaka arudi kwake.

Sasa kupima. Pima jioni, usipime asubuhi. Mguu unavimba kadri siku inavoenda na joto letu linazidisha, kwahivo kiatu kilichopimwa saa mbili asubuhi kitaanza kubana saa kumi. Mtu asimame uzito wote uwe miguuni, ukimpima amekaa wayo unakuwa haujatanuka. Weka karatasi sakafuni, kisigino kiguse ukuta, zungusha kalamu ikiwa imesimama wima kabisa, ukiilaza ikaingia chini ya mguu unapoteza milimita kadhaa na hizo ndizo tofauti ya kiatu kizuri na kibaya. Pima miguu yote miwili, karibu kila mtu ana mmoja uliozidi kidogo, fuata ule mrefu. Na angalia kidole kirefu ni kipi, watu wengi hudhani ni dole gumba lakini kuna wanawake kibao ambao kidole cha pili ndio kinatangulia, na huyo ukimwekea pua iliyochongoka kucha yake itakuwa nyeusi.

Mimi huchukua vipimo vinne. Urefu, upana wa kisigino, mzunguko wa mbele na mzunguko wa juu ya mguu pale kamba zinapofungwa. Ule mzunguko wa mbele ndio muhimu kuliko yote na ndio watu hawaupimi. Kuna mfupa unaotokeza chini ya dole gumba na mwengine chini ya kidole cha mwisho, tepu ya fundi wa nguo ipite juu ya yote miwili, itakaa kimshazari kidogo, usivute, igusane tu na ngozi. Andika kwa milimita.

Saizi za Ulaya hesabu yake rahisi, chukua urefu wa mguu kwa sentimita, ongeza 1.5, zidisha mara 1.5. Mguu wa sentimita 24.5 unakuwa 26, mara 1.5 ni 39. Mguu wa 23 utakuja 36.75, sema 37. Inakuja hivo kwa sababu saizi moja ya Ulaya ni theluthi mbili ya sentimita, na ile 1.5 uliyoongeza ni nafasi ya vidole kusogea mbele ukitembea. Za Uingereza zinaenda kwa theluthi ya inchi, karibu milimita 8.5, ndio maana ukibadilisha kutoka huku kwenda kule hazikai sawasawa na kila kampuni ina jedwali lake. Kwahivo usizungumze na kiwanda kwa namba ya saizi peke yake, zungumza kwa milimita za mguu. Wachina hili wanalielewa haraka, lebo zao nyingi zinaandikwa 235, 240, 245 na hiyo ni urefu wa mguu kwa milimita.

Wateja wetu wengi wana miguu mipana mbele, hili utaliona mwenyewe ukianza kupima. Mtu aliyelelewa pekupeku na ndara vidole vyake vimepata nafasi ya kutanuka, hajavibana kwenye kiatu cha ngozi tangu chekechea. Alafu mimba nayo, mwanamke akishazaa mguu unaweza kuongezeka urefu na ule upinde wa wayo kushuka, na mara nyingi haurudi. Utakutana na mama wa watoto wanne anakwambia mimi navaa 38, amekuwa akisema 38 tangu shule, ukimpima ni 40 mpana. Usibishane naye, mwekee karatasi aone mwenyewe.

Haya, lasti. Lasti ni ule mguu wa plastiki ama wa mbao ambao kiatu kinavutwa juu yake kikitengenezwa, na umbo la lasti ndio umbo la kiatu, hakuna lengine. Mguu wa mwanamke si mguu wa mwanamume uliopunguzwa. Mkichukua urefu ule ule, kisigino cha mwanamke kwa kawaida ni chembamba ukilinganisha na mbele, kwahivo lasti ya kiume ikipunguzwa mpaka 38 na kiatu kikatiwa rangi ya waridi bado nyuma kitapwaya. Mteja atachukua saizi ndogo ili nyuma pashike, na hapo ndio vidole vinaanza kuumia. Malalamiko mengi ya sponji ngumu nikiyafuatilia nakuta tatizo ni hili, mguu unateleza ndani ya kiatu na wayo unachomeka, mtu anadhani ni sponji.

Swali la kuuliza muuzaji wa kiwanda, kabla hata hujauliza bei, hii soli imekaa kwenye lasti gani, ya kike ama ya wote, na mzunguko wa mbele kwa saizi 37 ni milimita ngapi. Nasema 37 kwa sababu sampuli za kike viwanda vingi hutengeneza kwa 37. Akikujibu kwa namba, endelea naye. Akikujibu "ni standard, dear", tafuta mwengine. Upana wenyewe kwa mtindo wa Marekani B ni mwanamke wa kawaida, D ni mpana, 2E mpana zaidi, na kutoka herufi moja hadi nyengine mzunguko unaongezeka kama milimita 6 hivi. Kwa wateja wa huku mimi naegemea D yenye kisigino chembamba, na ndio nakushauri na wewe uanze nayo.

Jambo moja ambalo watu hulijua wakiwa washalipa, soli na lasti ni mtu na pacha wake. Soli ya sponji imemwagwa kwenye moldi, yaani kalibu, iliyofuata tumbo la lasti fulani, huwezi kupenda soli ya huyu ukachukua lasti ya yule. Na kufungua moldi yako mwenyewe ni pesa nyingi, kila saizi na moldi yake. Kwa oda ndogo tumia soli ambayo kiwanda tayari kinayo, tafuta ile ambayo lasti yake imekaribia vipimo vyako, alafu omba wabadilishe sehemu ya juu, nafasi ya juu ya vidole, urefu wa ulimi, matundu ya kamba. Hapo kuna uhuru mkubwa na hakuna moldi ya kulipia.

Sasa twende kwa sponji yenyewe. Kuna EVA na kuna PU, nyingine nyingi ni jamaa zao ama majina ya biashara. EVA ni nyepesi, hainywi maji, ndio iko kwenye raba nyingi. Ubaya wake inashindiliwa polepole, kiatu kikitembea sana ile sponji inabaki chini haipandi tena, na joto kali linaikunjisha kwahivo mwambie mteja asianike raba yake juu ya bati jua la saa saba. PU ni nzito kidogo lakini haishindiliwi haraka. Tatizo la PU ni unyevu. Hewa ya joto yenye unyevu inaivunja kutoka ndani hata kiatu kikiwa kwenye boksi hakijavaliwa, na sisi hapa pwani hewa yetu ndio hiyo mwaka mzima. Umewahi kuona kiatu kizuri cha mtumba, juu hakina hata doa, ukikivaa hatua kumi soli inamomonyoka kama keki ya juzi, hiyo ni PU iliyozeeka. Kwahivo kwa Lamu na Malindi mimi nachagua EVA iliyokandamizwa kwenye moldi, na chini yake mpira wa kweli.

Ulaini wake usizidi. Viwanda vinapima kwa Asker C, kwa kiatu cha kutembea omba kati ya 45 na 55, chini ya hapo mguu unazama na kifundo kinayumba, na kwenye njia zetu zilizo na mabonde na mawe hapo ndio mtu anateguka. Unene wa kisigino milimita 25 hadi 30, mbele 18 hadi 22, tofauti ya nyuma na mbele isipite 10. Msingi uwe mpana, ukikiweka kiatu mezani ukakitazama kwa nyuma soli iwe pana kuliko kisigino chenyewe. Lakini isitoke sana nje kwa nyuma! Kuna mitindo siku hizi soli inachomoza nyuma kama sentimita mbili, hiyo mwanamke wa buibui akishuka ngazi inakanyaga pindo, na ngazi za mtaa wa Mkomani si za kuangukia. Kata ile nyuma iwe ya mviringo imepanda juu kidogo.

Ile sponji laini sana ya ndani wanayoiita memori, inapendeza dukani, mtu anavaa anasema aah. Tembea nayo nusu saa kwenye joto imekuwa karatasi. Unene wake milimita 3 hadi 4 inatosha, na chini yake EVA ya kawaida yenye umbo la wayo. Na soli ya ndani itoke, isigandishwe na gundi, wengine watataka kuweka yao ya hospitali na wote watataka kuifua.

Sehemu ya juu. Neti yenye matundu makubwa inapitisha hewa lakini inapitisha na mchanga wa Shela, na mchanga ukishaingia chini ya wayo umekula soksi na ngozi. Omba neti ya tabaka mbili, ya ndani iwe ya kusukwa karibu karibu. Ngozi inapendeza lakini maji ya chumvi yanaikausha na kuipasua, ukitaka ngozi weka vipande vya kushikilia tu, pembeni na nyuma. Velkro mimi siipendi hapa kabisa, inashika mchanga na inashika nyuzi, buibui la mtu linatoka vishimo kwa mwezi mmoja. Kamba za kunyumbuka ndio jibu, unafunga mara moja unabaki kuingiza mguu na kutoa. Na kwa sababu ya ile vua vaa ya kila mlango watu wanakanyaga nyuma ya kiatu mpaka inalala, kwahivo ile sehemu ngumu inayoshika kisigino iwe ngumu kweli, bana kwa vidole viwili isikunjike, na juu yake weka kitanzi cha kuvutia kidole kiingie. Mgonjwa wa sukari ambaye miguu imekufa ganzi yeye asiambiwe kiatu kitazoea, yeye hasikii kikimkwaruza, ndani kusiwe na mshono unaogusa vidole na kila jioni aangalie miguu yake.

Soli ya chini mpira, usikubali EVA tupu inayogusa ardhi, inateleza kwenye simiti yenye maji na gatini pale penye ukungu wa kijani utalia. Michoro iwe ya mistari myembamba mingi. Yale meno makubwa ya kupandia mlima yanajaa kinyesi cha punda na unaingia nayo nyumbani kwa watu.

Wapi pa kupata. Njia ya haraka ni mitumba, Kongowea Mombasa ama Gikomba Nairobi, na hapo unahitaji macho tu. Usisome namba ya Ulaya, funua ulimi utafute CM ama JP, kwa kawaida hiyo ni urefu wa mguu. Raba ya kiume ya Marekani 7 ni karibu na ya kike 8.5, ziangalie na hizo kwa wateja wa miguu mikubwa. Ingiza ukucha kwenye sponji pembeni, ikiwa inanata ama ina nyufa ndogo ndogo ama inatoa unga iache hata kama ni bure. Kunja kiatu, kinatakiwa kukunjika pale vidole vinapoanza, kikikunjika katikati ya wayo hakina uti. Kiweke mezani kitazame kwa nyuma, kimelala upande mmoja? Mwenye nacho wa kwanza alikikanyaga vibaya, na wewe kitakulazimisha ukanyage kama yeye. Alafu toa soli ya ndani, iweke chini, mteja asimame juu yake pekupeku. Nyama ikimwagika nje ya ukingo kiatu ni chembamba, hakuna haja hata ya kukivaa. Hiki kipimo nakipenda kuliko vyote.

Njia ya pili ni fundi. Huku kwetu mafundi wa makubadhi wanaijua ngozi vizuri sana lakini raba ya sponji ni kazi tofauti, lasti na soli inabidi uzitoe bara. Kariokor Nairobi ndio pa kuanzia, utapata mafundi, soli, na wauzaji wa ngozi, na ngozi yenyewe viwanda viko Thika na Athi River. Uzuri wa fundi ni kwamba anaweza kubadilisha lasti kwa mtu mmoja, mwenye mfupa uliotoka pembeni ya dole gumba fundi anabandika kipande cha ngozi kwenye lasti mahali pale pale, anakichonga, kiatu kinatoka na nafasi yake. Hilo kiwanda hakikufanyii. Simamia gundi tu, EVA haishikani na gundi ya kawaida, lazima ikwaruzwe, ipakwe praima ya kuiandaa ishike, alafu gundi ya PU pande zote mbili, ikauke mpaka inate, ipashwe moto ndio ibanwe. Fundi akiruka praima soli itaachia wiki ya kwanza ya maji ya chumvi. Na mwambie apige mshono kuzunguka pembeni, hata pua na nyuma peke yake.

Njia ya tatu kiwanda cha nje, na hapa wengi wetu huishia China, Jinjiang na Putian ndio miji ya raba, Wenzhou viatu vya kila aina. Wengi watakutajia kima cha chini cha jozi mia kadhaa kwa rangi moja, na kwahivo ungana na wenzako, mtu wa Lamu, wa Malindi na wa Mombasa mnaweza kuchukua mtindo mmoja rangi moja. Nyeusi. Najua rangi zinavutia kwenye picha lakini kwa buibui na vumbi nyeusi yenye soli nyeusi ama kijivu ndio itaisha. Tuma karatasi ya vipimo, si picha tu, milimita za mguu na mzunguko kwa kila saizi, Asker C, unene wa soli, aina ya mpira, uzito (37 isipite gramu 280 kwa mguu mmoja), na mahali kitanzi kitakaa. Lipia sampuli za saizi tatu, 37, 39 na 41, kwa sababu 37 inaweza kuwa nzuri na wakikuza kwenda 41 upana ukabaki nyuma.

Sampuli zikifika usizipige picha ukaweka kabatini, wape wanawake watatu wa miguu tofauti wazivae kwa wiki tatu. Kabla ya kuwapa pima unene wa sponji nyuma kwa rula, wakirudisha pima tena. Uliza mambo ya wazi, kidole gani kiligusa, nyuma palichubua, mchanga uliingia, uliteleza wapi. Ukimuuliza ulikipenda atakwambia ndio, ni adabu tu.

Malipo ya kawaida ni 30% mwanzo na 70% kabla ya kusafirishwa, na hiyo 70% usiitoe bila mtu kukagua mzigo. Mizigo midogo wapo mawakala wa kukusanya, Eastleigh Nairobi wamejaa. Muulize wakala kwa maandishi bei yake imejumuisha ushuru, VAT ya 16%, na cheti cha ubora cha KEBS, shirika la viwango la Kenya, ama la, manake bei nzuri sana mara nyingi kuna kitu hakimo. Baada ya Mombasa bado kuna basi hadi Mokowe na boti hadi ng'ambo Lamu, boksi zifungwe nailoni, maji yakiingia kwenye katoni umepoteza boksi zote hata kama viatu ni vizima.

Katoni nyingi huwa jozi 12, na kiwanda kitakupangia saizi kwa mpango wa soko lao, 36 na 37 nyingi. Kataa. Toa ile karatasi uliyoandika vipimo vya wateja wako, hesabu, kisha wewe ndio uwape mpango, kwangu mimi nguvu iko 39 na 40 na sithubutu kuacha 41 na 42 kwa sababu hao ndio wanaotafuta viatu na hawapati. Mzigo ukifika fungua katoni tatu, pima kushoto na kulia kama zinalingana, vuta soli kwa mkono, harufu kali ya gundi iache ipoe hewani kabla ya kuuza. Hifadhi mbali na ukuta unaotoa unyevu na mbali na bati, andika tarehe kwenye kila katoni na uza zile za zamani kwanza.